Kioo cha Ampliata

Wafu wa Herkulano huamka na kiu. Hilo halikuandikwa kwenye mkataba wangu, nimelijua kwa kukaa nao. Kabla hawajauliza wako wapi, kabla hata ya kutaja majina yao, wanaomba maji, na kazi ya kwanza ya mliwazaji ni kuwapa maji ambayo hayapo.

"Kunywa taratibu," nilimwambia Ampliata. "Bakuli liko mdomoni. Usipaliwe."

Wafula, aliyekuwa kwenye mashine nyuma yangu, alisogeza kidole kwenye skrini, na koo la yule mwanamke likaamini kwamba limelowa. Nilimsikia akimeza. Koo lenyewe halikuwepo. Kilichobaki cha Ampliata kilikuwa kipande cha kioo cheusi chenye ukubwa wa korosho, kimebanwa kwa koleo ndani ya kasha la chuma, na mwanga mwembamba kama uzi ukipita katikati yake.

"Asante, dada," akasema. Kitafsiri cha sikioni kilinipa maneno yake kwa Kiswahili safi cha mtangazaji wa redio, lakini sauti ilikuwa yake mwenyewe, nzito kidogo, ya mtu aliyezoea kuita watu penye kelele. "Mbona giza hivi?"

"Taa zimeisha mafuta."

"Na watu? Tulikuwa tumebanana humu kwenye banda la mashua. Kuna mzee mmoja alikuwa ananikanyaga mguu tangu tuingie."

"Wametoka kidogo kupata hewa."

"Ana bahati. Ningemng'ata." Kisha akauliza lile ambalo nilikuwa nalingoja. "Januaria yuko wapi? Mwanangu. Alikuwa hapa ubavuni."

Kwa swali hilo jibu lilikuwa moja tu. Nilikuwa nimelisoma kwenye mwongozo na kulitilia sahihi: mtoto amepanda mashua ya kwanza, yuko salama, mama atafuata. Waliouandika mwongozo walijua wanachokifanya. Nakala, kama tunavyowaita hawa, ikishajua kwamba imekufa hujifunga, na ikijifunga haifunguki tena.

Mimi nikasema, "Yupo. Ila anaumwa kidogo."

Sikupanga kusema hivyo. Ulimi uliteleza na kurudi nyumbani. Kwetu Tukuyu mtu hapigiwi simu akaambiwa amefiwa. Baba yangu alipofariki nilikuwa Mbeya nasomea stashahada ya ustawi wa jamii, na baba mdogo akanipigia: baba anaumwa kidogo, panda gari uje. Nilijua kabla hajakata simu. Lakini njia nzima nilikuwa na lile neno "kidogo" la kushika. Nilifika, nikakalishwa, nikapewa uji, na nilipomaliza uji ndipo shangazi akaniambia. Mtu hupewa msiba vipande vipande, kadiri mwili unavyoweza kuupokea. Nami nilidhani nampa Ampliata kipande cha kwanza.

"Anaumwa nini?"

"Joto tu la mwili."

"Nani yuko naye?" Sauti ilikuwa imebadilika. "Yule ana kifua. Akipata joto anakohoa hadi anatapika. Asilazwe chali, umesikia? Nani amemlaza?"

"Ampliata, tulia kwanza."

"Nipishe nipite. Nipishe."

Alitaka kusimama. Hakuwa na miguu ya kusimamia, lakini akili yake haikulijua hilo, ikawa inaituma miguu, na miguu haiitiki, na kila isipoitika hofu inaongezeka. Nikasikia feni za mashine zikipanda mlio.

"Mama Lugano, mtulize," Wafula akasema. "Kioo kinapanda joto. Mtulize sasa hivi."

Nilisema mashua, nikasema salama, nikasema amelala. Hakunisikiliza. Alikuwa anamwita mtoto kwa sauti ile ya kuita penye kelele, na Wafula akakata mwanga jina likiwa halijaisha.

*

Dakta Ornella, mkuu wa maabara, alitukuta kantini. Aliweka kikombe chake cha kahawa mezani, akavuta kiti, akaketi mbele yangu.

"Sijakasirika bado," alisema. "Nieleze kwanza, halafu nitakasirika."

Nikamweleza. Wafula akanisaidia, kwa namna yake.

"Ni desturi, Daktari. Hata kwetu Bungoma ni vivyo hivyo. Mtu akikupigia akwambie mgonjwa amezidiwa kidogo, wewe unaanza kutafuta nguo nyeusi. Mjomba wangu aliambiwa hivyo juu ya mkewe, kumbe mama wa watu alikuwa na malaria tu. Mzee akashuka na jeneza."

Ornella hakucheka. "Na Ampliata angeijuaje desturi yenu?"

"Asingeijua," nikasema. Huo ndio ulikuwa ukweli. Nilikuwa nimekaa na yule mwanamke vikao vingi, akizungumza kama shangazi zangu, akilalamika kama shangazi zangu, nikasahau kwamba si wa kwetu.

Ornella akaniwekea picha mezani. Kipande kile cheusi sasa kilikuwa na ukungu mweupe zaidi ya nusu.

Niseme hapa jinsi kitu hiki kinavyofanya kazi, maana wengi wanadhani ni uchawi. Wingu la moto lililoshuka kutoka mlima Vesuvio zamani zile na kuufunika mji wa Herkulano lilikuwa kali kiasi kwamba ubongo wa baadhi ya watu haukuungua wala kuoza. Uligeuka kioo papo hapo, na njia zake zote zikabaki humo kama sisimizi aliyenasa kwenye utomvu. Mwanga unazisoma njia hizo, kompyuta inazijenga upya, na kinachopatikana tunakiita nakala. Nakala inafikiri ni mtu. Huamka kila mara mahali pale pale, kwenye dakika za mwisho anazozikumbuka, na haikumbuki kikao kilichopita. Ubaya ni kwamba mwanga unaosoma ndio unaokula. Nakala ikiogopa, mashine huhitaji mwanga mwingi zaidi, na kioo huliwa upesi. Kikishakuwa cheupe chote, basi.

"Kimebaki kikao kimoja," Ornella alisema. "Kesho. Leo kinahitaji kupoa."

"Na mlima?" Wafula akauliza.

"Tangu asubuhi visima vyote vya Kanda vimepata joto. Nimewaambia halmashauri. Unajua wamenijibu nini? Wameniuliza joto la maji lina maana gani. Mlima utalipuka baada ya siku mbili? Miaka miwili? Sina la kuwajibu. Hakuna aliyeandika visima vya Herkulano vilikuwaje kabla ya siku ile. Anayejua ni mtu aliyeteka maji, na huyo amekwisha kufa."

Mwaka uliopita halmashauri ilipiga king'ora, ikahamisha watu wote, mlima ukanyamaza, na wezi wakasafisha nyumba hadi vitasa vya milango. Tangu hapo hakuna aliyekuwa tayari kutia sahihi amri ya kuhama kwa sababu ya maji ya uvuguvugu. Wenye nyumba zao, Waitalia, walishaondoka Kanda, eneo hili la hatari lililozungushiwa uzio, siku nyingi. Tuliobaki chini ya mlima ni sisi wa mikataba: wachimbaji, wafagiaji, wapishi, waliwazaji. Kibali chetu cha kuishi kinaishia kwenye uzio. Ukiuvuka bila amri ya kuhama unarudishwa kwenu kwa ndege ya kwanza, na mtoto wako anapelekwa kituo kingine hadi karatasi zikamilike. Nilimwona mama mmoja wa Kigoma akifanyiwa hivyo. Karatasi za mtoto hazijakamilika hadi leo.

"Ampliata ni dobi," Ornella alisema. "Dobi anaishi kwa maji. Kesho muulize kisima. Akiuliza mtoto, mwambie mashua. Si joto, si mafua, si kidogo. Mashua."

"Mashua," nikasema.

"Sasa ndiyo naweza kukasirika," akasema, lakini alikuwa amechoka mno, akanywa kahawa yake.

*

Binti yangu Lugano ana miaka minane na anapenda maji ya moto kuliko chakula. Nilipofika nyumbani jioni ile nilimkuta bafuni, amejaza beseni, anaimba.

"Mama, leo hakuna haja ya kuwasha jiko. Ya bombani yenyewe yamepashwa."

"Toka humo."

"Ndiyo kwanza nimeingia."

"Lugano, toka."

Akatoka akinuna, amejifunga khanga yangu. Nikaingiza mkono kwenye beseni. Yalikuwa na joto la kuogeshea mtoto mchanga. Nikayamwaga yote, na sijui kwa nini niliyamwaga, maana yangeweza kumdhuru nini?

Wakati wa kula aliniuliza kama yule mama wa kwenye kioo amepona. Huwa namsimulia juu ya Ampliata, mambo ya kuchekesha tu.

"Bado."

"Anaumwa nini?"

"Anamtafuta mwanawe."

"Si umwambie alipo?"

"Kula wali."

"Mimi ukinitafuta nitakuwa shuleni au kwa kina Barasa," akasema. Barasa ni mtoto wa Wafula. "Huwezi kunipoteza, hata ukitaka."

*

"Kunywa taratibu," nilisema asubuhi iliyofuata.

Ampliata akanywa. Akauliza giza, nikajibu mafuta. Akamtaja mzee wa kumkanyaga mguu, akasema angemng'ata. Kabla hajafika kwa mtoto nikaingilia kati na habari za kazi. Mtu wa kazi hupenda kuulizwa kazi yake.

"Naambiwa wewe ni dobi. Mimi nguo nyeupe zinanishinda. Mnatumia nini?"

"Mikojo," akasema.

"Ya nani?"

"Ya kila mtu. Tunaweka mitungi kwenye kona za barabara, wapita njia wanajisaidia, jioni tunakusanya. Ya walevi ndiyo bora. Mtaa wenye vilabu viwili unatosha kung'arisha mji mzima."

Nyuma yangu Wafula akakohoa kuficha kicheko. Nilicheka mwenyewe, sikuigiza, na Ampliata akacheka pia. Joto la kioo lilikuwa chini kabisa. Ilikuwa saa ya kuuliza.

"Na maji ya kusuuzia?"

"Ya bomba la mtaa yalikatika. Wakasema fundi anakuja. Fundi gani, hatujamwona hata kivuli. Tukarudi kwenye kisima cha uani."

"Kisima kilikuwaje siku hizi za mwisho?"

"Sijui mimi, dada. Mimi ni wa kukanyaga nguo kwenye pipa. Kisimani anakwenda Januaria. Ndiyo kazi yake. Siku ile alirudi na ndoo akasema, mama, leo maji..." Akakatisha. "Januaria yuko wapi?"

"Alisema maji yakoje?"

"Nimekuuliza mwanangu yuko wapi."

"Amepanda mashua ya kwanza. Yuko salama. Wewe utafuata."

Nililisema vizuri, bila kusitasita.

"Nani alimpandisha?"

"Askari."

"Akakubali? Yule hashikwi na mtu asiyemjua. Atakuwa alimpiga mateke."

"Alilia kidogo, akanyamaza."

"Ahaa." "Dada, wewe una mtoto?"

Mwongozo unakataza kujibu hilo. "Ninaye," nikasema.

"Anaitwa nani?"

"Lugano."

"Basi apa kwa kichwa cha Lugano. Sema hivi: mwanangu na afe leo ikiwa ninamdanganya Ampliata. Ukishasema, nitakwambia yote ya maji unayoyataka, hadi rangi ya ndoo. Naona unayataka sana."

Wafula akasogea karibu na sikio langu. "Apa, Mama Lugano. Ni maneno tu."

Mimi si mtu wa ushirikina. Nimezaa, nimezika, nimesaini mikataba kwa lugha nisizozijua, na naamini kinachoonekana. Lakini dirisha la maabara lilikuwa linatazama mlima, na chini ya mlima palikuwa na paa la bati la shule ya Kanda, na chini ya bati lile alikuwepo mwenye kichwa ninachoambiwa nikiapie. Ningeweza kuapa kwa Mungu. Ningeweza kuapa kwa kaburi la baba. Ukiniambia niseme mwanangu na afe leo, siku kama ile, mahali kama pale, sisemi.

"Siwezi," nikasema.

"Mama Lugano," Wafula akanong'ona.

"Basi apa wewe," nikamwambia. "Apa kwa Barasa."

Wafula akarudi kwenye mashine.

Sauti ya Ampliata haikuwa na wasiwasi tena. "Niambie," akasema.

"Umekaa?"

"Nimekaa."

Nikamwambia kama shangazi alivyoniambia mimi, sentensi fupi, bila kupamba. "Mashua hazikufika. Wingu la moto lilishuka kutoka mlimani. Halikumwacha mtu humu bandani. Januaria hakutoka."

"Na mimi?"

"Na wewe."

"Kwa hiyo hapa ni wapi?"

"Hapa ni baadaye. Ni muda mrefu sana baadaye."

Sikusikia kilio. Feni zilikuwa zinapanda mlio taratibu.

"Alikuwa wapi mwanangu? Alikuwa peke yake?"

Nilikuwa nimeiona mifupa yao, imelazwa bandani vile vile ilivyokutwa, nami niliweza kumjibu bila kutafuta maneno. "Alikuwa amekushika kiuno kwa mikono miwili. Wewe ulikuwa umemfunika uso kwa nguo yako."

"Aliumia?"

"Wanasema ilikuwa haraka. Mimi sijui."

Akasema neno moja. Kitafsiri hakikulipata, kikatoa mlio mdogo kama wa kuomba radhi.

"Anajifunga," Wafula akasema. "Anajifunga. Basi. Amekwenda."

Ndani ya kasha kile kioo kilikuwa kimegeuka cheupe kama tone la maziwa.

*

Ornella alikuwa amesikiliza kila kitu kutoka chumba cha pili. Aliingia, akasimama karibu na kasha, akalitazama. Kisha akarudisha sauti iliyorekodiwa hadi mahali alipopataka. *Kisimani anakwenda Januaria. Siku ile alirudi na ndoo akasema, mama, leo maji...*

Akaizima. "Mtoto anajua," alisema.

Akatoka, na aliporudi alikuwa amebeba kasha jingine, dogo zaidi.

"Hapana," Wafula akasema. "Daktari, hapana. Kuna sheria, watoto hawaamshwi."

"Niliiandika mimi. Nimepiga simu, imesimamishwa kwa dharura."

"Imesimamishwa na nani? Na watu walio Roma wanakula chakula cha mchana?"

"Na mimi. Wao wameridhia." Akaliweka kasha mezani kwa mikono miwili. "Alikutwa pamoja na mama yake. Nimekaa na kioo hiki tangu nikiwa mwanafunzi na sijawahi kuruhusu kiguswe. Nadhani mnaweza kuniamini ninaposema sitaki."

Nilikuwa nimeinuka, sijui niende wapi, nikaketi tena. Hesabu yake haikuhitaji elimu. Ningeapa, mama angesema, na mtoto angebaki alivyo. Nilikataa kumwapia mama kwa kichwa cha wangu, na sasa wake ndiye yuko mezani.

"Atakaa nani naye?" nikauliza.

"Nitakaa mimi, ukikataa. Lakini sijalea mtoto, na ana kifua, na ataogopa. Akiogopa hatupati hata dakika tano."

"Mimi siwashi," Wafula akasema. Akavua glavu, akaziweka juu ya mashine, akaelekea mlangoni. Alikuwa ameshika kitasa sakafu ilipotetemeka. Halikuwa tetemeko kubwa, vikombe tu viligongana kabatini na vumbi likashuka kutoka darini, lakini lilichukua muda kuisha. Wafula alibaki ameshika kitasa. Kutoka mlangoni pale alikuwa anaona bati la shule.

Akarudi, akavaa glavu zake. Hakunitazama, nami sikumtazama.

"Sauti ipunguze," nikamwambia. "Mtoto asipigiwe kelele."

*

Huyu naye aliamka na kiu. Alikunywa kwa pupa akapaliwa, ikabidi nimpigepige mgongo usiokuwepo kwa maneno: haya, pole, tema, vuta pumzi. Kikohozi chake kilikuwa kile kile nilichoelezwa na mama yake.

"Wewe nani?"

"Naitwa Tusajigwe."

"Jina gani hilo?"

"La kwetu. Mbali."

Akalijaribu jina langu mara mbili, akalikosea mara mbili, ikamchekesha kidogo. Alikuwa na umri wa Lugano au chini yake. Halafu akauliza.

"Mama yuko wapi?"

"Anakuja," nikasema.

"Kweli?"

"Kweli."

Watoto hawana habari ya kukuapisha. Wanauliza kweli, unajibu kweli, na kwao shauri limekwisha. Joto la kioo lilishuka mbele ya macho yangu.

"Mama yako ameniambia wewe ndiye unayeteka maji," nikasema. "Amekusifu sana. Nieleze ya kisimani."

"Ndoo nzito. Kamba inanichubua."

"Na maji yalikuwaje?"

"Ya moto," akasema kwa furaha. "Mama hakuamini. Alidhani nimeyaweka juani. Nikanawa uso, nikanawa miguu, nikalala vizuri. Kesho yake nikaenda tena, yakawa yananuka mayai mabovu, mama akasema nguo zitaharibika. Nikalala tena. Halafu asubuhi mlima ukapiga kelele, tukaja huku."

"Ngoja, Januaria. Yalipokuwa ya moto mara ya kwanza, ulilala mara ngapi kabla mlima haujapiga kelele?"

"Si nimekwambia? Mara mbili."

Nilisikia mlango wa chumba cha pili ukifunguliwa kwa nguvu, kisha sauti ya Ornella kwenye simu, kisha viatu vyake vikikimbia. Lugano alikuwa amelala mara moja tangu beseni lile. Asubuhi kabla ya kwenda shule alikuwa amekataa kupiga mswaki, akisema maji yananuka.

Wafula alikuwa amekwisha simama, funguo za pikipiki mkononi. "King'ora wakikipiga, lango la shule litajaa watu. Twende sasa."

"Bado uko hapo?" Januaria akauliza.

"Nipo."

"Usitoke mpaka mama aje. Giza hili silipendi."

"Mama Lugano, nizime au niache?" Wafula akauliza. Kidole chake kilikuwa juu ya swichi, na alikuwa ananiuliza mimi kwa sababu hakutaka liwe lake. Nilijua anachouliza. Tukizima, kioo kinabaki na uhai wa vikao vingi, na atakayekifungua siku nyingine atamwamsha na kiu yake, na swali lake. Tukiacha mwanga uwake, utakila hadi kiishe, na hakuna atakayemwamsha tena. Lakini hadi kiishe atakuwa macho, peke yake, anangoja.

"Iache iwake," nikasema.

Kisha nikainama karibu na kasha, ingawa haikuwa na maana kuinama. "Januaria, lala sasa. Lalia ubavu, usilale chali. Mama akifika atakuamsha."

"Na wewe?"

"Mimi naenda kumfungulia mlango."

Tukatoka. Kitafsiri kilikuwa bado sikioni mwangu. Nilimsikia akikohoa tulipokuwa tunashuka ngazi, nikamsikia langoni, na tulipoingia barabarani, nimeshika koti la Wafula kwa mikono miwili na king'ora kimeanza kulia, alikuwa bado ananiuliza kama ni mama aliyebisha. Nikakitoa sikioni nikakitupa mtaroni. Mbele yetu bati la shule lilikuwa linang'aa, na milangoni watoto walikuwa wameanza kutoka, wote kwa sare moja, wote wa kimo kimoja, na kwa umbali ule sikuweza kujua wangu ni yupi.